Harufu Katika Boksi la Kufugia Nyenje
Nyenje mwenyewe hanuki sana. Tatizo ni unyevu. Kinyesi chake kikikauka huwa kama punje za mchanga mweusi, lakini kikilowa, bakteria hukivunja na kutoa amonia, ile harufu kali ya banda la kuku. Ndiyo maana maji huwekwa kwenye pamba iliyoloweshwa, si kwenye kisahani, na kifuniko huwa cha wavu ili hewa ipite. Trei za mayai za karatasi, maficho ya wadudu hao, hutupwa zikilowa. Mabaki ya karoti au sukuma wiki huondolewa kabla hayajaoza, na mizoga huokotwa kila siku, kwani uvundo wa nyenje aliyekufa haustahimiliki. Mkaa uliofungwa kitambaani husaidia, ingawa kidogo tu. Boksi tupu huoshwa kwa maji yenye siki, likasuuzwa na kuanikwa juani.