Mti wa Mpira na Daftari la Tajiri

Je, unajua mpira wa asili hutoka wapi? Hutoka kwenye utomvu wa mti.

Mti huo kwao ni msitu wa Amazon, nchini Brazili na nchi jirani. Huko huota wenyewe, mmoja hapa, mwingine mbali kule. Matunda yake yakikauka hupasuka kwa kishindo na kurusha mbegu. Zikianguka mtoni, samaki huzila. Tangu zamani wenyeji walipaka utomvu wake kwenye nguo na viatu ili maji yasipenye.

Mwaka 1928 tajiri wa magari wa Marekani, Henry Ford, alianzisha huko shamba kubwa la miti hiyo. Miti ilipandwa karibu karibu. Ugonjwa wa ukungu ukala majani, na shamba likashindwa. Kwa hiyo mgema huufuata mti msituni.

Huamka kabla ya alfajiri, maana utomvu hutoka vizuri wakati wa baridi. Hupita njia yenye miti 100 au zaidi. Hukata ganda kwa mshazari, kidogo tu, kisha huweka kikombe chini yake. Baadaye hurudi kukusanya utomvu, mweupe kama maziwa. Zamani aliukausha kwa moshi mpaka ukawa bonge zito. Mti ukigemwa vizuri haufi. Huendelea kutoa utomvu kwa miaka mingi.

Lakini bonge hilo lilipimwa kwa mizani ya tajiri. Tajiri huyo huyo aliuza chumvi na vitu vingine, tena kwa bei ya juu. Tajiri huyo huyo aliandika daftari. Mgema hakujua kusoma. Aliambiwa tu kwamba bado anadaiwa. Na shule matajiri hawakuzitaka.

Chico Mendes alizaliwa mwaka 1944 katika jimbo la Acre. Aligema tangu utoto. Alijifunza kusoma akiwa kijana mkubwa, kwa kusoma magazeti na mtu aliyejificha msituni. Baadaye aliongoza chama cha wagema na kudai shule zao. Wafugaji wakubwa walipoleta misumeno kufyeka msitu, wagema walisimama mbele yao pamoja na wake na watoto. Mara nyingine wafyekaji walirudi nyuma.

Tarehe 22 Desemba 1988 Mendes aliuawa kwa risasi nyumbani kwake, mjini Xapuri. Mfugaji mmoja na mwanawe walihukumiwa kifungo mwaka 1990. Mwaka huo huo serikali ya Brazili ilitenga msitu wa hekta zaidi ya 900,000, ukapewa jina lake. Wagema wamo bado. Ng'ombe nao wameingia, na sehemu nyingine za msitu huo zimekwisha kuwa malisho.