Fahamu: Kwa nini gemu ya Skyrim hukwama baada ya kuongezewa modi

Skyrim, gemu ya kampuni ya Bethesda ya Marekani, ilitoka Novemba 11, 2011, na hadi leo ina wachezaji. Kinachoiweka hai ni modi: faili zinazotengenezwa na wachezaji wenyewe kubadili mandhari, silaha au visa vyake.

Kwa nini modi hugongana?
Modi mbili zikigusa kitu kimoja, inayopakiwa mwisho ndiyo hushinda. Kwa hiyo mpangilio ni muhimu, na programu ya LOOT husaidia kuupanga. Idadi nayo ina kikomo: toleo la gemu la 2016 hupokea faili kamili 254 tu za modi. Faili nyepesi huhesabiwa kando.

Zisimamiweje?
Usizimwage ndani ya folda ya gemu. Programu ya Mod Organizer 2 huiwekea kila modi folda yake, hivyo faili asili haziguswi.

Sasisho la gemu lina hatari gani?
Modi nyingi hutegemea programu ya SKSE, ambayo lazima ilingane na toleo la gemu. Sasisho la Novemba 2021 liliziangusha nyingi.

Ongeza modi moja moja, ijaribu kwanza, na usiiondoe katikati ya mchezo uliokwisha kuuanza.