Kuchomoa Betri Hakutibu Kompyuta ya Gari

"Fundi, taa ya chek injini iliwaka, nikachomoa betri usiku kucha, ikazima. Leo imerudi. Sasa nichomoe siku ngapi?"

Hata ukichomoa mwezi mzima ni bure. Nimelijibu swali hili mpaka nimechoka, kwa hiyo leo naliandika.

Kontrolo boksi, yaani kompyuta ya gari, lina kumbukumbu za aina mbili. Moja inaishi kwa umeme wa betri. Kwenye Toyota na Nissan nyingi tunazoagiza Japani, humo ndimo zinamokaa namba za hitilafu pamoja na yale ambayo boksi limejifunza lenyewe barabarani, kama vile kiasi cha mafuta ya kuongeza au kupunguza. Nyingine imeandikwa ndani ya chipu, na hubaki hata boksi likae kabatini miaka bila waya: programu yenyewe, siri za funguo, orodha ya vifaa vya gari hilo.

Ukichomoa betri unafuta ya kwanza, ambayo ndiyo ushahidi wangu mimi fundi. Ya pili hujaigusa. Na sensa iliyokufa bado imekufa! Taa imezima kwa sababu boksi limesahau. Ukienda safari mbili tatu litajipima tena, litakuta ugonjwa uleule, litaiwasha. Kwa siku hizo injini inahangaika, inapanda na kushuka ukiwa umesimama foleni, maana umeirudisha darasa la kwanza. Kisha unaniambia gari limezidi kuharibika. Wapo hata wanaosema betri ikichomolewa programu inakuwa mpya. Programu mpya hutoka kwa mtengenezaji wa gari, haitoki hewani.

Fanya hivi: soma namba za hitilafu, ziandike, tengeneza kilichokufa, ndipo ufute kwa mashine. Boksi likiungua, tafuta lenye namba ileile ya spea, na la zamani usilitupe, siri za funguo zimo humo. Kulipanga boksi unaloweka kunataka programu ya gari husika: Techstream kwa Toyota, ISTA kwa BMW, ODIS au VCDS kwa Volkswagen na Audi. Hifadhi mpangilio wa zamani kabla ya kubadili chochote. Unapoingiza programu mpya, chaja inayotuliza umeme iwe imeunganishwa muda wote. Umeme ukiyumba katikati, boksi linaweza kufa palepale.

Taa ikiwaka, niletee gari ikiwa bado inawaka. Ikiwa inamemeta, usiliendeshe, niite. Betri iache mahali pake.