Kukwea miamba na barafu: Ajira inayoyeyuka Kibo, majabali yaliyolala Singida

MSAFIRI anayeingia mjini Singida, hata kabla hajayaona maji ya maziwa ya Singidani na Kindai, hulakiwa na mawe. Majabali ya granaiti yamesimama kati ya nyumba, kando ya barabara na ukingoni mwa maziwa hayo ya chumvi, mengine yakiwa yamebebana kana kwamba yalipangwa kwa mkono. Kwa wakazi wengi jabali ni mahali pa kuanika nafaka, au ni malighafi ya kokoto. Katika nchi nyingine jabali la namna hiyohiyo ni uwanja wa michezo, na wapo watu wanaolipwa ili walikwee.

Ni nani huyo anayemlipa mtu apande jiwe? Na ajira ya namna hiyo hudumu miaka mingapi? Jibu moja linapatikana katika maisha ya Will Gadd, Mkanada aliyezaliwa mwaka 1967, ambaye ni miongoni mwa wakwezi wa miamba na barafu wanaojulikana zaidi duniani. Jibu hilo linapitia Tanzania, kwa kuwa sehemu ya kazi yake imetoweka juu ya Mlima Kilimanjaro.

Gadd alianza kupata jina kubwa mwishoni mwa miaka ya 1990, aliposhinda mashindano ya kukwea barafu ya X Games nchini Marekani mwaka 1998 na 1999. Mwaka 2003 alichapisha kitabu cha kufundisha ufundi wa kukwea barafu. Januari 2015, akiwa na umri wa miaka 47, alikuwa mtu wa kwanza kukwea barafu iliyoganda ubavuni mwa maporomoko ya Niagara, mpakani mwa Kanada na Marekani, huku maji yakiendelea kuanguka kwa kishindo hatua chache kutoka alipokuwa. Mwenzake, Sarah Hueniken, alimfuata na kuwa mwanamke wa kwanza kufanya hivyo.

Mashindano peke yake hayamlishi mkwezi. Zawadi ni chache, na barafu si mpira wa miguu wenye watazamaji wa kulipa kiingilio. Kipato hutoka kwa wadhamini, hususan watengenezaji wa vifaa, mavazi na vinywaji, na pia katika filamu, mihadhara, vitabu na kuongoza wateja milimani. Mdhamini hununua habari. Ndiyo maana mkwezi hulazimika kila mara kutafuta mahali ambapo hapajakwewa na mtu, au ambapo pana kisa cha kusimulia. Hapo ndipo Kilimanjaro ilipoingia.

Kazi yenyewe si ya nguvu tupu. Mkwezi wa barafu hushika shoka dogo katika kila mkono, na viatuni hufunga meno ya chuma yanayochomoza mbele. Huchoma shoka moja, huchoma la pili, kisha hupandisha miguu. Kila baada ya mita kadhaa husokomeza ndani ya barafu skurubu ndefu yenye tundu katikati na kupitisha kamba, ambayo mwenzake huishikilia kutoka chini. Akiteleza, skurubu hiyo ndiyo inayotegemewa kumzuia. Hata hivyo, barafu si jiwe. Skurubu yaweza kung'oka, na meno ya viatuni yakinasa wakati wa kuanguka huvunja mguu. Kwa sababu hiyo wazoefu hufuata kanuni moja, kwamba anayetangulia hatakiwi kuanguka kabisa. Juu ya Kibo huongezeka tatizo jingine: katika mwinuko wa karibu mita 5,800, oksijeni anayoivuta mtu ni karibu nusu ya ile anayoipata mkazi wa Tanga au Dar es Salaam.

Mwaka 2014 Gadd na Hueniken walikwea kuta za barafu zilizosimama wima karibu na kilele. Februari 2020 walirudi, wakiwa na Doug Hardy, mwanasayansi wa Chuo Kikuu cha Massachusetts ambaye amekuwa akipima hali ya hewa juu ya barafu ya Kibo tangu mwaka 2000. Sehemu kubwa ya barafu waliyoikwea miaka sita kabla haikuwapo tena. Walikwea kilichobaki, na filamu iliyotokana na safari hiyo ilipewa jina lenye maana ya ukwezi wa mwisho.

Hasara hiyo haikuanza juzi. Mwaka 1912 barafu ya Kilimanjaro ilifunika takriban kilomita za mraba 12. Kufikia mwaka 2011 zilibaki pungufu ya 2. Wataalamu wanaeleza kwamba chanzo si joto peke yake. Tangu mwishoni mwa karne ya 19 hali ya hewa ya Afrika Mashariki ilibadilika na kuwa kavu zaidi, theluji ikapungua, na barafu ikakosa cha kuilisha. Ile iliyosimama kama ukuta hupigwa na jua ubavuni. Nyingine hugeuka mvuke moja kwa moja bila kupitia hatua ya maji, na haijengeki upya. Ongezeko la joto duniani limeukaza mwendo huo. Mwaka 2022 UNESCO ilieleza kwamba barafu ya Kilimanjaro na ya Mlima Kenya huenda ikatoweka ifikapo mwaka 2050. (Wanaohofia kwamba mito ya Moshi itakauka pamoja na barafu wajue kuwa maji mengi ya mlima huo hutokana na mvua inayonyesha msituni, na kwa hiyo kuukata msitu ni hatari kubwa zaidi kwa mkulima wa chini.)

Barafu hiyo ndiyo iliyoandika historia ya ukwezi Tanzania. Mjerumani Hans Meyer alishindwa kufika kileleni mwaka 1887 alipokutana nayo. Aliporudi mwaka 1889 alikuwa pamoja na Ludwig Purtscheller, mwalimu wa mazoezi ya viungo kutoka Austria na mmoja wa wakwezi hodari wa enzi zake, ambaye alikata vipandio kwa shoka hadi wakafika kileleni Oktoba 6. Miaka kumi baadaye Purtscheller alianguka katika milima ya Alps na kuumia vibaya. Alifariki dunia mwaka 1900. Mwaka 1978 Reinhold Messner wa Italia na Konrad Renzler walikwea Ukuta wa Breach, upande wa kusini-magharibi wa Kibo, kwa kupitia nguzo ya barafu iliyoning'inia. Nchini Kenya, Thumbi Mathenge alikuwa mmoja wa watu wawili wa kwanza kukwea mfereji wa barafu wa Diamond katika Mlima Kenya, mwaka 1973. Jina lake linastahili kutajwa zaidi ya linavyotajwa.

Waafrika Mashariki waliomfuata Mathenge wengi walijulikana kwa milima mirefu zaidi kuliko kwa kuta za barafu. Wilfred Moshi alikuwa Mtanzania wa kwanza kufika kilele cha Everest, mwaka 2012, na Rawan Dakik akawa Mtanzania wa kwanza mwanamke mwaka 2021. Mkenya James Kagambi alifika mwaka 2022 akiwa na umri wa miaka 62, baada ya miaka mingi ya kufundisha ukwezi. Mkenya mwenzake, Cheruiyot Kirui, alifia huko Mei 2024 akijaribu kufika bila mitungi ya oksijeni.

Kwa upande wa ajira, Kilimanjaro huwapa kazi maelfu ya waongozaji na wapagazi, maarufu kama wagumu. Lakini kazi yao ni kubeba na kuongoza. Kamba na shoka vimebaki kwa wageni. Barafu ikiisha, watalii hawatakoma kupanda Kibo kwa miguu, bali tawi zima la ufundi litakuwa limefungwa kabla ya Watanzania wengi kulishika.

Miamba ni habari nyingine. Ukwezi wa miamba uliingia katika Michezo ya Olimpiki jijini Tokyo, iliyofanyika mwaka 2021, na Afrika Kusini ikapeleka wakwezi. Ukwezi wa barafu haumo. Ulionyeshwa tu kando ya michezo ya Sochi mwaka 2014. Aina mojawapo ya ukwezi wa miamba inafanana kabisa na mazingira ya Singida: kukwea majabali mafupi, ya mita nne au tano, bila kamba. Vinavyohitajika ni viatu vyembamba vyenye soli ya mpira unaonata, unga wa kukausha jasho la mikono, godoro nene la kutandika chini na mtu wa kumwelekeza anayeanguka asipitilize godoro. Granaiti, kwa ukwaruzaji wake, hushika soli vizuri zaidi asubuhi na jioni. Jua la mchana hulipasha jiwe moto na kulainisha mpira. Kabla ya kupanda hukaguliwa pia iwapo jabali limekaa imara juu ya mengine, na iwapo chini yake hakuna watu wanaopasua kokoto.