Utaridi na Baki la Sekunde 43: Newton, Einstein na Mwendo wa Magimba ya Angani

Mada ya astronomia ya kidato cha nne inakutaka ueleze ni nini kinachozishikilia sayari zisitawanyike, zizunguke jua mwaka hadi mwaka. Jibu linalotarajiwa ni graviti, yaani kani ya mvutano. Jibu hilo ni sahihi na lina alama zake. Tatizo huja mtahiniwa anaposikia jina la Einstein. Wengi huandika kwamba Newton alikosea, kisha wanashindwa kueleza alikosea wapi.

Makala hii inaonyesha kanuni ya Newton inatufikisha wapi, nadharia ya Einstein inaanzia wapi, na anga lenyewe linatoa ushahidi gani. Mtihani hautakudai milinganyo ya Einstein. Unasoma sehemu hii ili ukiandika neno "graviti" ujue unachokiandika. Karatasi utaijibu kwa Kiingereza, lakini jambo ulilolielewa kwa lugha unayoifikiria halikupotei ukiwa ndani ya chumba cha mtihani.

1. Kanuni ya Newton

Mwaka 1687 Isaac Newton alieleza kwamba kila kitu chenye tungamo huvuta kingine. Kani hiyo huongezeka tungamo zikiongezeka, na hupungua kwa kipeo cha pili cha umbali. Umbali ukizidishwa mara mbili, kani hubaki robo. Ukizidishwa mara tatu, hubaki sehemu moja ya tisa.

Kutokana na kanuni hiyo, sayari huzunguka jua katika obiti yenye umbo la duaradufu. Kuna sehemu ya obiti ambapo sayari huwa karibu zaidi na jua. Kama angani kungekuwa na jua na sayari moja tu, sehemu hiyo ingebaki palepale daima. Lakini sayari nazo huvutana zenyewe kwa zenyewe, kwa hiyo duaradufu nzima hugeuka polepole sana.

Kanuni hii ina nguvu kubwa. Mwendo wa Uranusi ulipoonekana kutofautiana na hesabu, Mfaransa Urbain Le Verrier alikisia kwamba kuna sayari isiyojulikana inayoivuta. Akapiga hesabu mahali ilipo. Mwaka 1846 Johann Galle wa Berlin alielekeza darubini huko na kuiona Neptuni, pungufu ya digrii moja kutoka mahali palipotajwa.

2. Baki lililokataa kuisha

Utaridi, ambayo vitabu vingine huiita Zebaki, ndiyo sayari iliyo karibu zaidi na jua. Huzunguka jua kwa siku 88. Ukiwa Isevya au mahali popote Tabora, utaiona katika majira fulani tu: chini kabisa magharibi jua likishatua, au mashariki kabla halijachomoza.

Mwaka 1859 Le Verrier alitangaza kwamba obiti ya Utaridi inageuka haraka kidogo kuliko hesabu za Newton. Vipimo viliendelea kuboreshwa baada yake. Kwa takwimu za sasa, mgeuko kwa kila miaka 100 ni huu:

Mgeuko unaopimwa angani: kama sekunde 575
Unaosababishwa na sayari nyingine: kama sekunde 532
Baki: sekunde 43

Sekunde hizi ni za pembe, si za saa. Digrii moja ina dakika 60, na kila dakika ina sekunde 60. Digrii moja basi ni sekunde 3,600.

Mfano wa 1. Kwa baki hilo peke yake, obiti ya Utaridi itachukua muda gani kugeuka digrii moja?
Jibu: 3,600 ÷ 43 = 83.7. Hizo ni karne. Kwa hiyo ni takriban miaka 8,370.

Le Verrier alijaribu njia ileile iliyompatia Neptuni. Alipendekeza kuwepo kwa sayari nyingine ndani zaidi, karibu na jua, ikaitwa Vulcan. Wanaastronomia waliitafuta kwa miongo kadhaa, hata wakati wa kupatwa kwa jua, na hawakuipata. Haipo.

Zingatia jambo hili unapojiandaa kwa mtihani wa vitendo. Mwanafunzi anayepata nukta moja nje ya mstari wa grafu hushawishika kubadilisha namba ili ikae vizuri. Ndiyo tunayoiita kupika data. Sekunde 43 kwa karne ni tofauti ndogo mno, na ingekuwa rahisi kuifuta. Wanaastronomia waliiacha kwenye maandishi kama ilivyopimwa kwa zaidi ya miaka 50, ingawa hakuna aliyeweza kuieleza. Wewe nawe andika ulichokipima, kisha eleza tofauti iliyopo.

3. Wazo la Einstein

Novemba 1915 Albert Einstein alikamilisha nadharia ya uhusianifu wa jumla. Alisema kwamba tungamo halivuti kwa kamba isiyoonekana. Hupinda anga na wakati vinavyolizunguka. Sayari nayo hufuata njia iliyonyooka kadiri inavyowezekana ndani ya anga hilo lililopinda.

Njia iliyonyooka inawezaje kuwaleta pamoja wasafiri wasiovutana? Chukulia misafara miwili, kama ile iliyopita Tabora karne ya 19. Mmoja unaanzia Kayabwe nchini Uganda, mwingine Nanyuki nchini Kenya. Miji yote miwili iko kwenye ikweta, na kati yake kuna zaidi ya kilomita 500. Yote miwili inaelekea kaskazini moja kwa moja bila kupinda kushoto wala kulia, na tuseme hakuna bahari wala mlima wa kuizuia. Mwanzoni njia zake ziko sambamba. Ikifika latitudo ya digrii 60 kaskazini, umbali kati yake umebaki nusu. Katika ncha ya kaskazini inakutana.

Hakuna aliyemvuta mwenzake. Walioitazama misafara hiyo wakidhani dunia ni bapa wangesema kuna kani inayoivutanisha. Kumbe sababu ni umbo la ardhi wanayoikanyaga. Einstein alisema graviti iko hivyo, ila kinachopinda si anga tu, hata wakati nao hupinda.

Alipoweka obiti ya Utaridi kwenye milinganyo yake, ilitoka sekunde 43 kwa karne. Hakuongeza sayari ya kubuni wala hakurekebisha namba yoyote ili jibu likubali.

Kwa nini Utaridi na si dunia yetu? Kwa sababu mpindo ni mkubwa karibu na jua. Kwa Zuhura baki hilo ni kama sekunde 8.6 kwa karne, na kwa dunia kama 3.8. Ukienda mbali zaidi, Newton na Einstein hutoa karibu jibu lilelile.

4. Kivuli kilichopita kusini mwa Tanganyika

Kama anga limepinda, mwanga nao lazima upinde unapopita kando ya jua. Einstein alitabiri kwamba mwanga wa nyota unaogusa ukingo wa jua utapinda sekunde 1.75. Hesabu inayofuata Newton hutoa nusu yake, kama 0.87. Hapa palikuwa na namba mbili tofauti na njia ya kuamua.

Nyota zilizo kando ya jua hazionekani mchana. Lazima jua lipatwe kikamilifu. Kupatwa kwa kipete, kama kule kulikoonekana Rujewa, Mbeya, tarehe 1 Septemba 2016, hakutoshi, kwa sababu pete ya mwanga inayobaki hufuta nyota.

Tarehe 29 Mei 1919 kivuli cha mwezi kilianzia Amerika ya Kusini, kikavuka Atlantiki, kikapita Afrika ya kati na kumalizikia upande wetu wa bara: Kongo, kusini mwa Tanganyika na kaskazini mwa Msumbiji, jua likiwa linaelekea kutua. Tabora ilikuwa kaskazini ya njia hiyo, kwa hiyo hapa jua lilipatwa kwa sehemu tu.

Waingereza walituma vikundi viwili mahali ambapo jua lingekuwa juu zaidi: Sobral nchini Brazil, na kisiwa cha Príncipe, Afrika Magharibi, alikokwenda Arthur Eddington. Walipiga picha za nyota zilizo kando ya jua na kuzilinganisha na picha za nyota hizohizo zilizopigwa jua likiwa kwingine. Sobral walipata mpindo wa sekunde 1.98, Príncipe 1.61. Namba hizo zote ziko karibu na 1.75 kuliko 0.87. Matokeo yalitangazwa London tarehe 6 Novemba 1919.

5. Mahali ambapo mpindo ni mkubwa

Tarehe 12 Desemba 1970, siku ya uhuru wa Kenya, setilaiti ya kupima eksirei kutoka angani ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco karibu na Malindi. Ilipewa jina la Kiswahili: Uhuru. Vipimo vyake vilisaidia kuonyesha kwamba Cygnus X-1 si nyota ya kawaida. Hapo nyota kubwa inazunguka kila baada ya siku 5.6 pamoja na kitu kisichoonekana, chenye tungamo zaidi ya mara 10 ya jua. Ni shimo jeusi.

Katikati ya galaksi yetu, upande wa kundinyota la Mshale, lipo jingine lenye tungamo la kama jua milioni 4. Nyota iitwayo S2 hulizunguka kwa takriban miaka 16. Mwaka 2020 wanasayansi walitangaza kwamba obiti ya S2 inageuka kama ile ya Utaridi, ila kwa dakika 12 za pembe katika kila mzunguko. Utaridi hugeuka sekunde 0.1 tu kwa mzunguko.

6. Ndani ya simu

Setilaiti zinazoiwezesha simu kuonyesha mahali ulipo huzunguka dunia kwenye kimo cha kilomita 20,200 hivi. Kwa kuwa mpindo huko juu ni mdogo, saa zake hukimbia mbele. Kasi yake nayo huzichelewesha kidogo. Zikijumlishwa, hukimbia kwa mikrosekunde 38 kila siku kuliko saa za ardhini.

Mfano wa 2. Saa hizo zisiporekebishwa, kosa la umbali litakuwa kiasi gani kwa siku?
Jibu: Umbali = kasi ya mwanga × muda = 300,000,000 m/s × 0.000038 s = 11,400 m, yaani kilomita 11.4. Ungekuwa Isevya na simu ikakuonyesha uko nje ya mji.

Mambo ya kukumbuka

• Kanuni ya Newton hufanya kazi vizuri pale graviti ilipo ndogo na kasi ni ndogo ikilinganishwa na ya mwanga. Usiandike kwamba ni ya uongo.
• Nadharia ya Einstein hutoa majibu ya Newton katika hali hizo, na huongeza yale ambayo Newton hakuyafikia.
• Ushahidi: mgeuko wa obiti ya Utaridi, kupinda kwa mwanga, na saa za setilaiti.

Maswali ya kujipima

1. Baki la dunia ni sekunde 3.8 kwa karne. Obiti yake itageuka digrii moja kwa miaka mingapi kwa baki hilo?
2. Kwa nini kupatwa kwa kipete hakufai kupimia mpindo wa mwanga?
3. Saa za setilaiti zisiporekebishwa kwa saa 6, kosa litakuwa kilomita ngapi?
4. Le Verrier alitumia njia moja kwa Uranusi na Utaridi. Kwa nini ilifaulu mara ya kwanza na kushindwa mara ya pili?

Majibu: (1) Takriban miaka 94,700. (2) Pete ya mwanga inayobaki huzuia nyota kuonekana. (3) Kilomita 2.85. (4) Kwa Uranusi, kanuni ilitosha na kilichokosekana ni sayari. Kwa Utaridi, hakuna sayari iliyokosekana. Kanuni yenyewe ilikuwa imefika mpaka wake.