Nyumba ya hadisi zisizokwisha

Tuwaze kwanza nyumba moja kubwa. Ndani yake munawekwa kila hadisi iliyokatika: barua isiyofika, kitabu kilichoishia katikati, maisha ya mtu aliyeshuka mu mugodi asubuhi na jioni hakurudi. Hakuna anayezishona. Zinakaa vile zilivyokatika. Watungaji wa hadisi za ajabu wanapenda sana nyumba ya namna hiyo. Sisi watu wa Katanga hatuna lazima ya kuitunga. Vipande vyake tunavyo, ila vimetawanyika, na vingine viko mbali.

Kipande cha kwanza ni cha mwaka 1965. André Yav, mtu aliyefanya kazi ya uboyi kwa wazungu, aliandika kwa jina la chama cha maboyi wa zamani kitabu kidogo, akakiita Vocabulaire de ville de Elisabethville. Ukisikia jina hilo unafikiri ni orodha ya maneno. Kumbe ni historia ya mji wetu, vile ilivyoonekana toka jikoni. Kiswahili chake ni chetu cha hapa, si cha shule. Kilipigwa na mashine, maneno yameungana pasipofaa na kukatika pasipofaa. Mtaalamu Johannes Fabian alipotaka kukitoa mwaka 1990, ilihitajika Kalundi Mango akisome kwa sauti. Macho peke yake yalishindwa, sikio likafahamu. Mama yeyote wa Katuba ao wa Kenya angecheka: "Bangetuuliza sisi, tungebaambia zamani!"

Mu kitabu kile miaka haifuatani sawa mavago ya treni. Mambo ya zamani sana na ya juzi yanakaa pamoja. Batumbula wamo pia, wale waliosemekana kukamata watu usiku. Mtu wa masomo anaweza kusema ni uongo. Sisi tunaona woga ule ulikuwa wa kweli: watu waliogopa kutoka usiku, na hiyo nayo njo historia ya kazi.

Kipande cha pili ni matablo ya Tshibumba Kanda Matulu, aliyezaliwa Elisabethville mwaka 1947. Alipaka rangi, akauza nyumba kwa nyumba. Mwaka 1973 na 1974 alimwelezea Fabian, kwa Kiswahili, historia ya inchi katika matablo 101. Alianza na wakubwa wa zamani, akafika kwa Mobutu, kisha hakusimama: matablo ya mwisho yanaonyesha siku ambazo hazijafika. Ndani yake kuko mwezi wa 12 mwaka 1941. Wafanyakazi wa Union Minière waliacha kazi juu ya mushahara, na askari wakawapiga risasi. Léonard Mpoyo, aliyekuwa akisemea wenzake, alikufa pale. Hesabu ya wafu ya serikali na ile ya watu hazikupatana hata siku moja. Ni wangapi basi? Njo hadisi isiyokwisha, na Tshibumba aliipaka bila kungoja hesabu.

Kisha yeye mwenyewe akapotea, karibu na mwaka 1981. Matablo yake yako Amsterdam, mu musée iliyoitwa zamani Tropenmuseum. Mtoto wa Likasi anayetaka kuyaona atafute viza. Hilo linatuuma, tuseme wazi. Lakini kama yasingenunuliwa, pengine yangekwisha kuoza.

Kipande cha tatu hakiko mbali. Kiko mu sanduku ya bati, chini ya kitanda. Mwaka 2003, wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines walitoka kwa ile waliyoita départ volontaire. Wengi walirudi nyumbani na karatasi moja: tarehe ya kuanza kazi, tarehe ya kutoka. Miaka 20 ao 30 ya katikati haikuandikwa. Ile ya katikati bibi anaijua: kapita gani alikuwa mkali, usiku gani sirene ililia, watoto walikula nini mwezi ule mushahara haukufika. Mzee akifa, wajukuu wanasafisha nyumba, makaratasi yanaenda sokoni kufunga karanga. Kisha mjane anaulizwa karatasi ya marehemu.

Tangu mwaka 2000, watafiti wa Université ya Lubumbashi walianza kukusanya ukumbusho wa watu wa kawaida, mu mpango ulioitwa Mémoires de Lubumbashi, na maonyesho yakafanywa mu musée ya mji. Hiyo ilikuwa kazi nzuri. Lakini hawawezi kuingia kila nyumba.

Kwa hiyo foto ile ya ekipe, wenye kofia ngumu, wamesimama mistari miwili: muulizeni mzee leo, angali na sauti. Andikeni majina nyuma, kuanzia kushoto. Yule ambaye jina lake limesahauliwa, muache nafasi yake wazi.