Mtoto Ageuzaye Kila Mazungumzo Yawe Yake

Katika kipindi cha mazungumzo, mtoto mmoja asimulia mafuriko yaliyobomoa jiko lao. Kabla hajamaliza, mwenzake adakia: "Hata sisi mbuzi wetu alipotea!" Habari ya kwanza hupotea hapo hapo.

Mwalimu asimkemee kuwa ana majivuno. Mwaka 1923 Jean Piaget, mwanasaikolojia wa Uswisi, alieleza kwamba mtoto mdogo mara nyingi husema bila kujiweka mahali pa msikilizaji. Hata hivyo, asiachiwe, kwani yule aliyekatizwa huenda asinyoshe mkono tena.

Kanuni hii yafaa: atakaye kusema kwanza arudie aliyoyasema mwenzake, amwulize swali moja, ndipo aeleze yake. Mwalimu naye aishike, maana darasa husikiliza kama lisikilizwavyo.